UZI: Dkt. Horst Schumann, daktari wa eksirei aliyetoka Auschwitz akaja kutibu wagonjwa Afrika

MLETA UZI

Wakuu, salaam. Uzi huu nimekaa nao kichwani muda mrefu. Ni mrefu, kwa hiyo nitauleta kwa vipande, na mwenye swali aulize tu, nitajibu nikitoka zamu.

Kazi yangu ni kupiga picha za eksirei. Kila mwanamke wa umri wa kuzaa akiingia chumbani kwangu, kabla sijagusa swichi namuuliza: dada, mara ya mwisho umeona siku zako lini? Unahisi una ujauzito? Kama picha ni ya kifua au mkono, namfunga kiunoni aproni yenye madini ya risasi, yanayozuia mionzi. Yetu ni ya kijani, imechakaa kwenye mikunjo, na nzito kiasi kwamba mgonjwa dhaifu huyumba akivalishwa. Mwanamume naye nafunika sehemu zake. Chuoni tulifundishwa kwamba mionzi ikizidi kwenye viungo vya uzazi inaua uwezo wa kuzaa, ndiyo maana tunavikinga.

Ambalo hatukufundishwa ni kwamba kuna daktari aliyelijua hilo kama sisi, akaelekeza mashine hukohuko makusudi, kwa mabinti na vijana wazima, siku baada ya siku, ndani ya Auschwitz, kambi ya mateso na mauaji ya Wanazi huko Poland. Kisha akaishi. Alifungua kliniki, akasafiri baharini, akaja Afrika, akatibu watu wetu, na akafa mzee, akiwa mtu huru. Jina lake Horst Schumann.

Alizaliwa tarehe 1 Mei 1906 mjini Halle, Ujerumani. Alijiunga na chama cha Nazi mwaka 1930, wakati Hitler hajashika madaraka bado, kwa hiyo tusiseme alilazimishwa na serikali. Mwaka 1932 akaingia SA, wale wapiganaji wa mitaani wa chama. Akamaliza udaktari, na mwaka 1934 akaajiriwa ofisi ya afya ya mji wa Halle. Hapo Ujerumani ilikuwa tayari na sheria ya Julai 1933 ya kuwafunga uzazi kwa nguvu watu walioitwa wagonjwa wa kurithi: wenye kifafa, wenye ulemavu wa akili, viziwi, vipofu. Watu wapatao 400,000 walifanyiwa hivyo chini ya utawala wa Nazi. Daktari kijana wa ofisi ya afya miaka ile alijifunzia kazi ndani ya mfumo huo, ambamo mgonjwa alihesabiwa kuwa mzigo wa taifa.

Oktoba 1939 vita imeshaanza. Schumann ni daktari msaidizi kwenye jeshi la anga. Akaitwa Berlin na Viktor Brack, ofisa wa ofisi binafsi ya Hitler. Akaelezwa kazi iliyopo: kuua wagonjwa wa akili na walemavu. Kukataa kuliruhusiwa. Schumann alikubali.

MCHANGIAJI 1

Naweka kiti hapa. Ila mkuu, una uhakika kwamba angeweza kukataa? Ule ulikuwa utawala wa kuua watu. Mimi nadhani ukiitwa ofisi ya Hitler huna ujanja.

MLETA UZI

Swali zuri, na karibu kila Mnazi aliyefikishwa mahakamani alijitetea hivyohivyo. Nitalijibu kwa mfano wa mtu halisi nikifika Auschwitz, maana pale kuna daktari mwanamke aliyekataa akiwa mfungwa, bila cheo na bila ulinzi wowote. Nivumilie kidogo.

Kwanza tuelewe huo mpango. Uliitwa T4 kwa sababu ofisi zake zilikuwa Berlin, mtaa wa Tiergartenstraße namba 4. Hakuna sheria iliyowahi kutungwa. Kilichokuwepo ni barua fupi ya Hitler kwenye karatasi yake binafsi, iliyoandikwa Oktoba 1939 ikarudishwa nyuma tarehe hadi 1 Septemba, siku vita ilipoanza. Barua hiyo iliwapa Philipp Bouhler na daktari Karl Brandt mamlaka ya kuwaruhusu madaktari watoe "kifo cha huruma".

Huruma yenyewe ilianza na fomu. Hospitali na nyumba za kutunzia wagonjwa zilitumiwa fomu za kujaza kwa kila mgonjwa: anaumwa nini, yuko hapo tangu lini, ni wa asili gani, anaweza kazi gani, na nani huja kumtembelea. Hilo swali la mwisho lirudieni. Asiyetembelewa hana wa kumuulizia.

Fomu zikapelekwa kwa madaktari watatu wakadiriaji, ambao mgonjwa mwenyewe hawakumwona. Kila mmoja aliweka alama yake: jumlisha kwa penseli nyekundu maana yake afe, kutoa kwa penseli ya bluu maana yake aishi. Nimewahi kukaa masjala ya hospitali nikisaidia kupanga mafaili, najua jinsi mtu anavyogeuka namba ukishika mafaili mia mbili kwa siku. Lakini mimi nilikuwa napanga tu.

Januari 1940 Schumann akawa mkuu wa kituo cha kwanza, Grafeneck, kasri lililo juu ya kilima huko Württemberg. Kabla ya hapo kasri hilo lilikuwa nyumba ya walemavu inayoendeshwa na shirika la Kikristo. Oktoba 1939 serikali ikawaondoa, mafundi wakaingia, na banda la magari ya farasi likageuzwa chumba cha gesi. Tarehe 18 Januari 1940 waliletwa wa kwanza, wanaume 25 kutoka hospitali ya Eglfing-Haar karibu na Munich.

Wagonjwa walikuja kwa mabasi ya kijivu yaliyopakwa rangi madirisha. Walivuliwa nguo, wakapimwa uzito, wakapita mbele ya daktari kwa dakika chache. Kwamba wanakufa kulishaamuliwa Berlin. Daktari aliwatazama ili achague ugonjwa wa kuandika kwenye cheti cha kifo, ugonjwa unaoendana na mwili ule. Wenye meno ya dhahabu waliwekewa alama mwilini. Kisha waliingizwa kwenye chumba kilichofanana na bafu, na utaratibu ulikuwa kwamba valvu ya gesi ifunguliwe na daktari. Gesi ilikuwa kaboni monoksidi, ileile ya jiko la mkaa inayoua familia zilizolala zimefunga madirisha. Miili ikachomwa hapohapo.

Familia zilipata barua ya pole: ndugu yenu amefariki kwa ugonjwa fulani, tumelazimika kuuchoma mwili kuzuia maambukizi, mkitaka majivu tuandikieni. Ndipo mambo yakaanza kuvuja. Familia moja ikaambiwa mtu wao kafa kwa ugonjwa wa kidole tumbo, kumbe kidole tumbo kilishatolewa miaka mingi. Wengine wakaletewa majivu mara mbili ya mtu mmoja. Watu wa vijiji vya jirani waliuona moshi.

Grafeneck iliua watu 10,654 ndani ya mwaka 1940 peke yake. Schumann hakukaa hadi mwisho wa mwaka huo. Alihamishiwa Sonnenstein, mji wa Pirna, karibu na Dresden, kuanzisha kituo kingine. Sonnenstein ilifunguliwa mwaka 1811 kama hospitali ya wagonjwa wa akili, ikasifika Ulaya kwa kuwatibu kama binadamu, kwa kuamini kwamba kichaa anaweza kupona. Miaka 129 baadaye, chini ya jengo la hospitali hiyohiyo, wakajenga chumba cha gesi. Hapo waliuawa wagonjwa na walemavu 13,720.

MCHANGIAJI 2

Mimi ni muuguzi, nimesoma hapo kwenye cheti cha kifo nikasimama. Hivi hakukuwa na mtu wa kupiga kelele? Makanisa je?

MLETA UZI

Dada, walikuwepo, ila walichelewa. Anayekumbukwa zaidi ni askofu Mkatoliki wa Münster, Clemens August von Galen. Tarehe 3 Agosti 1941 alisimama madhabahuni akasema wazi kwamba wagonjwa wanauawa, na kwamba ikikubalika kumuua asiyezalisha, basi kila mzee na kila askari aliyerudi amekatika mguu yuko hatarini. Mahubiri yale yalinakiliwa yakasambazwa kwa siri. Tarehe 24 Agosti 1941 Hitler akaamuru zoezi la gesi lisimamishwe. Wanazi wenyewe walikuwa wamehesabu hadi hapo watu 70,273.

Lakini kuua hakukuisha. Hospitali ziliendelea kimyakimya kwa dawa na njaa. Na wale mafundi wa gesi waliopata uzoefu T4, kama Christian Wirth na Franz Stangl, walipelekwa Poland kuendesha kambi za Belzec, Sobibor na Treblinka. Ndiyo maana nasema mtu asiuone mpango wa walemavu kama jambo dogo la pembeni. Wayahudi wa Poland waliuawa na mikono iliyofanyia mazoezi Grafeneck na Sonnenstein.

Schumann naye alikuwa ameanza kuzunguka makambini. Kulikuwa na zoezi lililoitwa 14f13, la kuchambua wafungwa waliodhoofika. Tarehe 28 Julai 1941 alifika Auschwitz. Wafungwa 575, wengi wao Wapoland, wakachaguliwa na kuambiwa wanapelekwa mahali pa kupumzika na kupata nafuu. Wapo waliojitokeza wenyewe, maana mtu anayekufa kwa njaa ukimwambia mapumziko atainua mkono. Treni iliwapeleka Sonnenstein, na huko wakauawa kwa gesi. Yaani wafungwa wa Auschwitz waliuawa kwa gesi kabla Auschwitz yenyewe haijaanza kutumia gesi. Jumla ya wafungwa wa makambi waliouawa Sonnenstein ni 1,031.

Sasa tuje kwenye mionzi, sehemu ambayo mimi binafsi inanikosesha usingizi.

Tarehe 28 Machi 1941, Viktor Brack, yuleyule aliyemwajiri Schumann, alimwandikia Himmler, mkuu wa SS (kikosi cha Wanazi kilichoendesha makambi), ripoti juu ya kufunga uzazi kwa eksirei. Akapendekeza njia. Watu wapangwe foleni mbele ya dirisha la ofisi. Wapewe fomu ya kujaza, ichukue dakika mbili au tatu. Karani aliyekaa ndani abonyeze swichi, na mirija miwili ya eksirei iwapige mionzi wakiwa wamesimama pale wanajaza. Akapiga na hesabu: mtambo mmoja watu 150 hadi 200 kwa siku, mitambo ishirini watu 3,000 hadi 4,000.

Isomeni tena taratibu. Umekwenda ofisini, umeshika kalamu, unaandika jina la baba yako, na papo hapo unapokonywa watoto utakaowazaa, na huna habari.

Juni 1942 Brack akaandika tena. Safari hii akasema kati ya Wayahudi milioni kumi hivi wa Ulaya, kuna milioni mbili hadi tatu wanaoweza kazi, hao wahifadhiwe wafanye kazi lakini wasizae. Himmler akakubali majaribio yafanyike. Aliyetumwa kuyafanya ni Schumann.

Alirudi Auschwitz mwishoni mwa mwaka 1942, akapewa Bloku 30 ya hospitali ya wanawake Birkenau, sehemu ya Auschwitz. Chumba kilikuwa na mashine mbili za eksirei zilizotengenezwa na Siemens. Msichana alisimamishwa katikati, sahani moja mbele ya tumbo na nyingine mgongoni. Schumann alikuwa ndani ya kibanda kilichokingwa kwa risasi, akichungulia kidirisha kidogo. Wanaume nao walipigwa kwenye korodani. Dakika kadhaa kila mmoja.

Mimi kibanda hicho nakijua. Kwetu ni ukuta wenye kioo cha risasi, nasimama nyuma yake mara nyingi kwa siku, na mgonjwa hunitazama kupitia kioo kile akisubiri nimwambie vuta pumzi, zuia. Sekunde moja, basi, pumua. Kupiga dakika nzima mahali pale ni kuchoma. Nyama za ndani zinaungua. Wasichana walitoka wakitapika, ngozi ikawa nyeusi, vidonda vikawa haviponi. Wengi walikuwa Wayahudi wa Ugiriki, kutoka Thessaloniki, waliosafirishwa kuanzia Machi 1943. Wengine hawakufika miaka ishirini.

Baada ya muda alitaka kujua mionzi imefanya nini, hivyo wakapasuliwa. Mabinti walitolewa ovari, vijana walitolewa korodani, ili zikatazamwe kwenye hadubini. Kuna waliokufa mezani, kuna waliokufa kwa usaha tumboni, na walioshindwa kurudi kazini wakapelekwa kwenye gesi.

Mwisho wa majaribio? Aprili 1944 Himmler alitumiwa kazi ya Schumann juu ya athari za eksirei kwenye tezi za uzazi za binadamu. Barua iliyoambatana nayo ilisema kuhasi wanaume kwa njia hii haifai, kwamba upasuaji unachukua dakika sita au saba tu, na ni wa uhakika zaidi. Jambo hilo daktari yeyote angewaambia siku ya kwanza bila kumgusa mtu.

MCHANGIAJI 1

Mkuu nasubiri jibu la swali langu. Huyo daktari aliyekataa.

MLETA UZI

Sijasahau. Anaitwa Adelaide Hautval, Mfaransa, daktari wa magonjwa ya akili, Mprotestanti. Mwaka 1942 alikamatwa Ufaransa, akiwa kizuizini akawatetea Wayahudi aliowaona wakiteswa. Wajerumani wakamwambia kama unawatetea, basi utapata yanayowapata. Wakamvalisha kitambaa kinachosema ni rafiki wa Wayahudi, wakampeleka Auschwitz.

Huko alitakiwa asaidie majaribio ya Bloku 10, walikofungwa wanawake wa kufanyiwa majaribio. Akakataa. Daktari mkuu wa SS, Eduard Wirths, akamuuliza kama haoni kwamba watu hawa ni tofauti na yeye. Akamjibu kwamba humo kambini wako watu wengi walio tofauti naye, wa kwanza akiwa Wirths mwenyewe. Alitarajia kuuawa. Hakuuawa. Aliishi hadi baada ya vita, akatoa ushahidi, na mwaka 1965 Israeli ikamtambua kama mwenye haki miongoni mwa mataifa, heshima wanayopewa wasio Wayahudi waliohatarisha maisha kuwasaidia Wayahudi.

Sasa mweke Hautval, mfungwa mwenye namba mkononi, pembeni ya Schumann, daktari aliyeelezwa kazi akiwa huru, mwenye sare, na angeweza kurudi tu jeshini kufunga majeraha ya marubani. Mimi sina la kuongeza juu ya "angefanyaje".

MCHANGIAJI 3

Kuna kisa cha daktari mfungwa wa Kipoland aliyefanya hizo operesheni, na baadaye alifanya kazi Somalia. Ni kweli au ni stori za vijiweni?

MLETA UZI

Ni kweli, Władysław Dering. Alikuwa mfungwa, mpasuaji, na aliwapasua watu walioletwa na Schumann. Baada ya vita alikuwa Uingereza, Poland ikamtaka, Waingereza wakamshikilia gerezani miezi 19 na mwisho wakakataa kumtoa. Kisha akaenda kufanya kazi hospitalini Hargeisa, Somaliland ya Waingereza, takriban miaka kumi, akapewa na nishani. Mwaka 1964 alimshtaki mwandishi mmoja mahakamani London kwa kumchafulia jina. Waliokuja kutoa ushahidi ni wanawake wenyewe aliowapasua, pamoja na Hautval, na daftari la upasuaji la Auschwitz lenye mwandiko wake. Baraza la wazee wa mahakama lilimpa fidia ya nusu peni, sarafu ndogo kuliko zote za Uingereza wakati ule, na gharama za kesi zikamwangukia. Habari yake ina uzito wa aina yake kwa sababu yeye alikuwa mfungwa. Aliyeagiza alikuwa Schumann.

Tuendelee na huyo aliyeagiza.

Aliondoka Auschwitz Septemba 1944. Januari 1945 akatekwa na Wamarekani, na Oktoba mwaka uleule wakamwachia. Aprili 1946 akajiandikisha mji wa Gladbeck, magharibi mwa Ujerumani, kwa jina lake mwenyewe, na akaajiriwa na mji kama daktari wa michezo. Desemba ileile ya 1946 mjini Nuremberg, Ujerumani, ikaanza kesi ya madaktari wa Kinazi: washtakiwa 23, kati yao Brack na Brandt, wote wawili wakanyongwa Juni 1948. Barua ya dirisha na swichi ilisomwa mahakamani kule. Schumann alikuwa Gladbeck anapima mapigo ya moyo ya wanamichezo. Mwaka 1949 akafungua kliniki yake kwa mkopo uliotolewa kwa wakimbizi.

Mwaka 1951 akaomba kibali cha bunduki ya kuwindia. Maombi yale yakapita polisi, na kwenye kukagua taarifa zake ikajulikana ni nani na anatafutwa. Mtu aliyeua maelfu kwa fomu, fomu ikamfichua. Hata hivyo polisi walipofika alikuwa keshatoroka, Februari 1951.

Alifanya kazi ya daktari wa meli miaka mitatu. Mwaka 1954, akiwa Japani, aliomba pasipoti ya Ujerumani. Akapewa. Kwa jina lake halisi! Hati ya kukamatwa ipo, jina lipo, na ofisi ya nchi ileile inamgongea muhuri. Hapa huwa nakasirika kuliko sehemu nyingine zote.

Mwaka 1955 akaingia Sudan, akapewa hospitali ya Li Yubu, kusini kabisa, nchi ya Wazande, karibu na mipaka ya Kongo na Afrika ya Kati. Leo ni Sudan Kusini. Mwaka 1959 gazeti moja la Ujerumani likaandika makala ya kumsifu daktari huyu mzungu anayejitolea porini, likamlinganisha na Albert Schweitzer, yule daktari maarufu aliyejenga hospitali Gabon. Wasomaji wakamtambua. Akahama tena, akaishia Ghana, hospitali ya Kete Krachi, kando ya mto Volta.

MCHANGIAJI 4

Nisamehe mleta uzi, nitasema lisilopendeza. Mimi ni mzee, nimeishi vijijini enzi ambazo daktari ni mmoja wilaya nzima. Mama aliyejifungua salama kwa mkono wa Schumann kule Li Yubu hana habari na Auschwitz. Huenda alikuwa anatubu kwa njia yake. Tusimhukumu yote kwa pamoja.

MLETA UZI

Shikamoo mzee wangu. Nimelifikiria sana hilo, wala si swali baya.

Mama yule alistahili daktari, na mtoto wake kuzaliwa salama ni heri. Lakini toba ina alama zake hata kwetu vijijini. Aliyekosa huenda kwa aliyemkosea, hukiri, hutaka wazee wakae. Schumann kila alipojulikana alikimbia: Gladbeck alikimbia, Sudan alikimbia. Wanawake wa Thessaloniki waliobaki hai, walioolewa bila kuweza kuzaa, hakuna aliyepokea barua yake. Na mama wa Li Yubu alinyimwa haki ambayo mimi namlindia kila mgonjwa wangu: kujua aliyemshika ni nani. Alivuliwa nguo mbele ya mtu ambaye asingemruhusu hata amguse mkono kama angeambiwa. Mzee, kusema ukweli hilo ndilo lililonifanya niandike uzi huu. Walimleta kwetu kwa sababu huku hakuna wa kuuliza. Ni lile swali la kwenye fomu: nani humtembelea?

MCHANGIAJI 2

Na Nkrumah alijua?

MLETA UZI

Ujerumani Magharibi iliomba mapema miaka ya 60 arejeshwe kujibu mashtaka, na aliyelisukuma jambo hilo ni Fritz Bauer, mwendesha mashtaka mkuu wa jimbo la Hessen, Myahudi aliyewahi kufungwa na Wanazi mwenyewe. Serikali ya Nkrumah ilikataa. Mimi ni mtu wa kumheshimu Nkrumah, lakini hapo alikosea, na nalisema bila kumung'unya maneno. Baada ya kupinduliwa Februari 1966 ulinzi ukaisha. Schumann akakamatwa, na Novemba 1966 akapandishwa ndege hadi Frankfurt.

Bauer alifariki Julai 1968, kesi haijaanza. Ilifunguliwa tarehe 23 Septemba 1970, na Aprili 1971 ikasimamishwa: mshtakiwa ana shinikizo la damu, hawezi kuendelea. Cheti cha daktari. Tarehe 29 Julai 1972 akatoka gerezani. Hakuhukumiwa. Aliishi Frankfurt miaka karibu kumi na moja zaidi, akafa tarehe 5 Mei 1983, siku nne baada ya kutimiza miaka 77.

Shinikizo la damu wakuu. Kila siku napiga vifua vya watu wenye shinikizo la damu, moyo umetanuka, na wanakwenda shambani.

MCHANGIAJI 3

Inauma. Hayo majumba yenyewe bado yapo?

MLETA UZI

Yapo. Sonnenstein, kwenye vyumba vilevile vya chini, pana kumbukumbu iliyofunguliwa mwaka 2000, yenye picha na habari za maisha ya baadhi ya waliouawa. Ukiona wanavyocheka kwenye picha za nyumbani unaelewa fomu ile ilificha nini.

Grafeneck baada ya vita ilirudishwa kwa shirika lilelile la Kikristo. Walemavu wanaishi hapo hadi leo, wanafanya kazi, na wageni wakija hukutana nao njiani. Banda la gesi lilibomolewa zamani. Juu ya kilima kuna bustani ya herufi, vijiwe 26, kila kimoja herufi moja ya alfabeti, kwa ajili ya wale ambao majina yao hayajapatikana. Mwenye ndugu aliyepotea anaweza kusimama pale akaliunga jina lake mwenyewe, herufi kwa herufi.